Je, Fëanor Alikuwa na Haki ya Kukataa?

Ukitaka kuwagombanisha wasomaji wa Tolkien, achana na pete. Pete ni kesi nyepesi: ni mbaya, ikatupwe motoni, basi. Waulize kuhusu Silmaril, vile vito vitatu vya Fëanor, na kama alikosea alipokataa kuvivunja. Hapo mtakaa mpaka chai ipoe.

Kwa ambaye bado hajakifikia, The Silmarillion kilitoka mwaka 1977, miaka minne baada ya mwandishi kufariki. Mwanawe Christopher ndiye aliyeyakusanya na kuyahariri maandishi. Ni kitabu kigumu, sitakudanganya. Majina yanashuka kama mvua ya masika na mengi yanaanza na F. Ila kisa hiki kinalipa jasho lote.

Dunia bado haina jua wala mwezi. Valinor, nchi ya wenye nguvu wanaoitwa Valar, inaangazwa na miti miwili, mmoja wa nuru ya fedha na mwingine wa dhahabu. Fëanor, fundi asiye na mfano katika taifa la Noldor, anaunda fuwele ngumu kuliko almasi, ambayo siri yake anaijua peke yake. Ndani yake anahifadhi nuru ya miti ile. Mwanzoni anavivaa vito hivyo kwenye karamu, watu wanashangaa, na yeye anafurahi. Baadaye anaanza kuvifungia, na wanaoruhusiwa kuviona ni baba yake na wanawe saba tu.

Kisha Melkor, adui wa wote, anakuja na Ungoliant, dude lenye umbo la buibui, wanaiua miti. Giza tupu. Nuru yake imebaki ndani ya Silmaril peke yake. Yavanna, aliyeiotesha miti hiyo, anasema akipata kidogo tu ya nuru ile anaweza kuihuisha kabla mizizi haijaoza. Lakini vito lazima vivunjwe. Fëanor anaulizwa mbele ya halaiki: utatoa au hutoi?

Anasema hatoi, kwa hiari yake hatoi.

Wengi wanafunga mjadala hapo. Mbinafsi, tamaa imemjaa, hukumu imepita. Mimi nadhani tunakimbia. Hebu sikiliza sababu yake: kuna kazi ambayo mtu anaifanya mara moja tu katika maisha, akiivunja hawezi kuirudia, na moyo wake utavunjika nayo. Na kabla yake Yavanna mwenyewe alishasema hivyohivyo kuhusu miti, kwamba hata aliye mkuu ana kazi asizoweza kuzirudia. Kwa nini neno hilo liwe hekima kwa Yavanna, halafu kwa Fëanor liwe uchoyo? Tulkas anamkalia kooni, anataka jibu hapohapo. Anayewatuliza wenzake ni Aulë, fundi wa Valar, kwa sababu ndiye anayejua uzito wa kinachoombwa. Sisi tunaoishi kwa kuandika tunamwelewa. Tunaombwa kazi ya bure "kwa ajili ya jamii" kila mwezi, na sijaona mwombaji anayeuliza kazi yenyewe ilichukua usiku mangapi.

Upande wa pili una hoja nzito zaidi, na Tolkien anaidokeza mapema: Fëanor alianza kusahau kwamba nuru iliyomo si yake. Chukulia mfinyanzi. Chungu ni chake, halali yake. Maji yaliyomo aliyachota kisima cha kijiji. Sasa kisima kimekauka, watoto wana kiu, na chungu hakina mdomo. Ili maji yatoke lazima kipasuliwe. Haki ya mfinyanzi inaishia wapi? Kama ningekuwa mwanakijiji ningemwomba kwa magoti. Ningemnyang'anya? Valar walikuwa na nguvu ya kumnyang'anya na hawakufanya hivyo, na naona walifanya vema. Ukimwomba mtu kwa kweli, lazima uwe tayari kusikia hapana.

Sasa hapa ndipo kitabu kinapokuwa kitamu. Mara tu Fëanor anapokataa, wajumbe wanafika na habari kwamba Melkor amepita nyumbani kwake, amemuua baba yake Finwë na kuondoka na vito vyote vitatu. Yaani wakati ubishi wote ule unaendelea, hakukuwa na kitu cha kutoa! Angesema ndiyo, miti ingekufa vilevile. Anayepima maadili kwa matokeo tu atasema jibu lake halikuwa na maana. Msimulizi hakubali, anaona kwamba angesema ndiyo kabla ya habari ile, pengine matendo yake ya baadaye yangekuwa mengine.

Naye Fëanor alikuwa amesema jambo jingine pale pale: Valar wakimlazimisha, atajua kwamba wao na Melkor ni ndugu. Kipimo hicho alikiweka mwenyewe. Kisha yeye na wanawe wakala kiapo cha kumwandama yeyote atakayeshika Silmaril, wakashuka pwani ya Alqualondë kutafuta merikebu za kumfuatia Melkor. Mfalme Olwë akawanyima. Akasema merikebu zile nyeupe kwa watu wake ni kama vito kwa Noldor, kazi ya mioyo yao, na hawataweza kuunda nyingine kama hizo.

Ni hoja yake mwenyewe, karibu neno kwa neno, inatoka kinywani mwa mtu mwingine. Na merikebu zile hazikuwa na nuru ya mtu yeyote ndani yake, kwa hiyo Olwë alikuwa na haki kuliko hata yeye. Fëanor akajaribu kuzichukua kwa nguvu. Mabaharia wakapinga, panga zikachomolewa, na damu ya jamaa ikamwagika gatini. Mimi kukataa kwake namwachia. Hili la Alqualondë siwezi.

Kiapo kikabaki kwa watoto. Zama nzima baadaye, Maedhros na Maglor, wawili wa mwisho, waliviiba vito viwili vilivyobaki ardhini. Cha tatu kilikuwa tayari angani na Eärendil. Varda alikuwa amevitakasa ili viunguze mikono yenye uovu, na vikawaunguza. Maedhros alijitupa na chake kwenye shimo la moto. Maglor alikirusha chake baharini, akabaki anatangatanga ufukweni, akiimba kwa uchungu, na kwa watu wake hakurudi tena.