Hesabu ya Ibrahimu Mjini New York

Katika Kitabu cha Mwanzo, Ibrahimu anamsihi Mungu asiuangamize mji wa Sodoma. Anaanzia waadilifu 50, anashuka kidogo kidogo hadi 10: wakipatikana hao tu, mji mzima usalimike. Kwake yeye, asiye na hatia ndiye anayehesabiwa kwanza.

Polisi wa New York walihesabu kinyume. Mwaka 1994, chini ya kamishna William Bratton, ulianza mfumo wa CompStat: wakuu wa vituo waliitwa makao makuu kutolea maelezo takwimu za uhalifu wa maeneo yao. Uhalifu ulitakiwa ushuke, na bidii ya askari ionekane kwa tarakimu.

Adrian Schoolcraft, askari wa kituo cha 81 huko Brooklyn, aliwarekodi wakubwa wake kwa siri wakidai askari wafikishe idadi fulani, huku malalamiko ya raia yakipunguzwa uzito au yasiandikwe kabisa. Oktoba 31, 2009, polisi wenzake walimtoa nyumbani kwake kwa nguvu. Akazuiliwa siku sita katika wodi ya wagonjwa wa akili. Uchunguzi wa polisi wenyewe ulithibitisha kwamba takwimu za kituo kile zilichezewa.

Na barabarani? Mwaka 2011 pekee polisi waliwasimamisha watu mara 685,724, kuwahoji au kuwapapasa. Takriban mara 88 katika kila 100, mtu aliachwa aende zake, bila kukamatwa wala kuandikiwa faini. Agosti 2013 Jaji Shira Scheindlin aliamua kwamba Katiba imevunjwa. Kati ya visa milioni 4.4 alivyovitazama, asilimia 83 vilihusu Weusi na Walatino, na waliopapaswa walikutwa na silaha mara 1.5 tu katika kila 100.

Kijana aliyeegemezwa ukutani mbele ya majirani hana safu yake katika takwimu za uhalifu.

Watetezi walisema upekuzi huo uliokoa maisha katika mitaa hiyohiyo. Ni hoja nzito, kwa kuwa waliokuwa wakiuawa wengi walikuwa vijana wa huko. Lakini kufikia 2017 idadi ya mara watu waliposimamishwa ilishuka hadi 11,629, na mauaji, yaliyokuwa 515 mwaka 2011, yakawa 292.

Hata hivyo, tuseme mauaji yangepanda. Fiqhi ya Kiislamu huanza na mtu asiye na dhima mpaka ithibitike. Katiba ya Marekani nayo inamtaka askari awe na sababu dhidi ya mtu huyu, si dhidi ya mtaa wake wala rangi yake. Hakuna kati ya hizo mbili inayosema sharti hilo lifuatwe mauaji yakipungua tu.