Deni la Mtawala kwa Jamaa Zake

Hapana mtu aliyekua peke yake. Kila mmoja wetu ana mama aliyemnyonyesha, wazee waliompa jina, na kijiji kilichomwona akitambaa. Kwa hiyo mtu apandapo cheo, jamaa zake humtazama, na aghalabu hungoja. Swali ninalotaka tulipime pamoja, msomaji kijana, ni hili: Je, mtu aliyekabidhiwa utawala ana deni kwa jamaa zake? Na ikiwa analo, alilipe kwa mali ya nani?

Swali hili si geni kwetu wakazi wa Kaloleni na Kisumu nzima. Barack Obama alizaliwa Honolulu, katika visiwa vya Hawaii, tarehe 4 Agosti 1961. Baba yake, ambaye jina lake lilikuwa hilo hilo, alikuwa mtu wa Nyang'oma Kogelo katika Siaya, aliyekwenda kusoma huko mwaka wa 1959. Mwana alilelewa na mama yake pamoja na wazazi wa mama. Alipokuwa mtu mzima alifanya kazi katika mitaa ya maskini ya Chicago, akasoma sheria Harvard, akaingia katika baraza la jimbo la Illinois, na mwaka wa 2005 akaingia katika Seneti ya Marekani. Tarehe 4 Novemba 2008 alichaguliwa kuwa rais wa 44 wa nchi ile. Rais Mwai Kibaki aliitangaza tarehe 6 ya mwezi huo kuwa siku ya mapumziko Kenya nzima. Kisumu watu walicheza barabarani, na watoto wachanga wakapewa jina la mshindi.

Furaha ile ilikuwa halali. Lakini ndani yake palikuwa na tamaa ya namna nyingine. Walikuwako waliosema kuwa mwana wetu amepata, basi nasi tumepata. Wakatazamia barabara, viwanda, na mlango wa kuingilia Marekani uliofunguliwa kwa ajili yao. Miaka minane ya utawala ikapita. Alipozuru Kenya akiwa rais, Julai 2015, alikula chakula cha jioni Nairobi pamoja na Mama Sarah, mke wa babu yake, na jamaa wengine. Lakini hakufika Kogelo. Alifika huko Julai 2018, alipokuwa raia wa kawaida tena, kufungua kituo cha vijana kilichoanzishwa na dada yake, Auma. Wako walionung'unika. Je, walidhulumiwa?

Si haki kumhukumu mtu kabla ya kumsikiliza. Hoja ya wanung'unikaji ina sehemu mbili. Kwanza, husema kuwa damu ni nzito kuliko maji: mtu asiyewatunza walio wake, atawatunzaje wageni? Pili, na hapa pana uchungu zaidi, husema kuwa katika nchi yetu wengine wameshiba kwa kuwa mtawala alikuwa wao. Na kwamba tangu Jaramogi Oginga Odinga alipojiuzulu umakamu wa rais mwaka wa 1966, watu wa ziwani wamekaa mbali na meza kwa miaka mingi. Kwa hiyo, wasema, kukataa upendeleo ni kukubali kulala njaa peke yetu. Hoja hii haifukuzwi kwa methali. Yataka jibu.

Tuwatazame Wamarekani wenyewe, maana nao walipita katika njia hiyo. Tangu enzi ya Andrew Jackson, aliyeapishwa mwaka wa 1829, ilienea desturi ya rais kuwagawia wafuasi wake kazi za serikali, kama wawindaji wanavyogawana nyama. Matokeo yake yalikuwa nini? Kila aliyesaidia katika uchaguzi alijiona mdai. Mtu mmoja, Charles Guiteau, alijidai kuwa alimsaidia Rais James Garfield kushinda, akataka apewe ubalozi mdogo wa Paris. Aliponyimwa, alimpiga rais risasi tarehe 2 Julai 1881, na Garfield akafa Septemba mwaka huo huo. Mwaka wa 1883 ilitungwa sheria kwamba baadhi ya kazi za serikali zipatikane kwa mtihani. Hata hivyo ugonjwa haukuisha. John Kennedy alipoingia madarakani mwaka wa 1961, alimteua ndugu yake, Robert, kuwa mwanasheria mkuu. Robert alikuwa hodari. Lakini mwaka wa 1967 sheria iliwakataza wakubwa wa serikali kuwaajiri jamaa zao. Waliona kuwa ijapokuwa ndugu mmoja ni hodari, ndugu wengi watakaomfuata huenda wasiwe.

Sasa turudi kwa yule anayelia kuwa alinyimwa nafasi kwa sababu ya jina lake. Kilio chake ni cha kweli, lakini hebu tukisikilize vema. Anaposema kuwa alidhulumiwa, ameshakiri kwamba jina si mizani ya haki. Basi zamu yake ikifika, naye akapima kwa jina, anakuwa ameihalalisha dhuluma aliyotendewa, wala hana tena neno la kumshtaki aliyemtendea. Katiba yetu ya mwaka wa 2010 inakataza uamuzi wa kiongozi usiongozwe na undugu wala upendeleo. Lakini maandishi hayana mikono. Hapana budi apatikane mtu wa kwanza kuacha, na mtu huyo atapata hasara. Atachekwa na watu wengine, na watu wa nyumbani watamwita mchoyo. Sikufichi hilo.

Je, basi, damu haina haki? Inayo. Deni la jamaa ni deni la kweli, ila hulipwa kwa mali ya mdaiwa mwenyewe: mshahara wake, muda wake, na ukweli wake. Agosti 2006, Obama alipokuwa seneta, alikuja Kisumu pamoja na mkewe, Michelle, wakapimwa virusi vya Ukimwi hadharani, wakati maradhi hayo yalipokuwa yakimaliza watu katika pwani hii ya ziwa, na wengi wakiogopa kupimwa kwa sababu ya aibu. Tendo lile halikumnyang'anya mtu haki yake. Lilikuwa tunu kwa jamaa na kwa asiye jamaa.

Wewe, msomaji, pengine hutakuwa rais. Lakini utakuwa kiranja anayegawa chakula, au karani mwenye orodha, au mwuguzi mlangoni pa daktari. Siku moja ndugu yako atasimama katika foleni, naye atakutazama kwa jicho la mtu anayekujua. Mpe mkono, umwulize habari za nyumbani, kisha umwache angoje zamu yake. Jioni mkaribishe kwako, umgawie kilicho chako.