Bustani ya Nyumbani na Ndoo ya Maji

Yuko mkazi mmoja wa Handeni mjini ambaye, alipomaliza kujenga nyumba yake, alipanda ukoka mbele ya baraza, akauzungushia mawaridi na asumini, akapanga na mawe yaliyopakwa chokaa kando ya njia iendayo mlangoni. Masika yale kila apitaye alimsifu. Kisha kikaja kiangazi, bomba likakauka majuma kadhaa, na watu wa mtaa ule wakawa wanunua maji kwa dumu kutoka kwa wasukuma mikokoteni. Ukoka wa bwana yule haukunyauka. Hapo majirani wakaanza kunung'unika: yawaje mtu ayanyweshe majani yasiyoliwa na ng'ombe wala mbuzi, hali watoto wa nyumba ya pili waenda shule bila kuoga? Naye akajibu kwamba maji ameyanunua kwa fedha yake mwenyewe, na kwamba kupenda uzuri si kosa.

Shauri hilo lilizungumzwa barazani jioni moja, nasi tulikuwapo. Twakiri kwamba kila upande ulikuwa na hoja. Walakini katika maneno yote yaliyosemwa jioni ile lilikuwapo swali moja kubwa kuliko mengine ambalo hakuna aliyeliuliza, wala sisi hatukuliuliza. Lilitujia njiani tukirudi.

Kwanza yatupasa kusema wazi kwamba hatuungani na wale wadhanio kuwa bustani ni jambo la Wazungu na matajiri. Lugha yetu yenyewe yawakanusha. Neno ua ndilo jina la kichanuacho mtini, na neno ua ndilo jina la kiwanja kilichozungushiwa nyuma ya nyumba, mahali wanawake wapikapo, wasukanapo na kuzungumza. Wajuzi wa lugha watatuambia kwamba hayo ni maneno mawili yaliyofanana sauti tu, la kwanza wingi wake ni maua na la pili ni nyua, nao wana haki. Hata hivyo aliyelelewa katika ua wenye maua hapati taabu kuyaweka pamoja.

Nyumba za mashamba katika wilaya hizi mbili hazikosi bustani, ingawa wenyewe hawaziiti hivyo. Mbele pana uwanja uliofagiwa kila asubuhi hata ukawa mgumu kama sakafu, na wageni kutoka mbali huudhani kuwa ni ukiwa, kumbe una maana: nyoka akipita huonekana, na nafaka yaweza kuanikwa. Pembeni pana mnyaa au mbono uliopandwa kuwa wigo, kwa kuwa mbuzi hawaili. Karibu na mlango wa jikoni utaona mrehani, mchaichai na mpilipili mmoja wa kutosha nyumba tatu. Nyuma ya bafu husimama mgomba, nao hunywa maji ya kuogea ambayo yangalitiririka bure njiani. Hatujui mpango wa bustani wenye akili kuliko huo. Mnavu na mchunga hujiotea, na mama mwenye nyumba afagiapo huviruka. Juu ya yote hayo ni mwembe, ambao hakuna aupandaye kwa ajili ya embe peke yake.

Mwembe huo wakumbukwa hata mwenye nyumba akiisha kuondoka. Wakati wa kuhamishiwa vijijini, baina ya miaka 1973 na 1976, watu wengi wa Handeni, kama wenzao wa nchi nzima, waliacha makao yao wakapewa viwanja vilivyopangwa kwa safu kando ya barabara. Mahame yao hayatafutwi kwa kuta, maana kuta za udongo zimeyeyuka zamani. Hutafutwa kwa miembe. Mzee hukuonyesha kichaka kwa mbali, akakuambia pale palikuwa kwetu, nawe waona vilele vitatu vya miembe vikisimama juu ya vichaka vya miiba. Basi mtu asituambie kwamba kivuli na harufu ni mambo madogo katika maisha ya binadamu.

Lakini bustani yataka maji, na hapo ndipo Handeni na Korogwe zisipolingana. Korogwe ni mji wa mtoni. Mto Pangani waupitia ukileta maji kutoka Kilimanjaro na Meru, na mwenye kipande karibu na ukingo aweza kupanda mchicha hata kiangazi, mradi asichoke kuteka. Handeni hutazama mbinguni. Katika miaka ya 1970 ulijengwa mradi mkubwa wa bomba, ambao watu wauita HTM hata leo, uyatoe maji ya mto huo upande wa Korogwe na kuyapandisha mpaka Handeni. Na mwaka 2022 zilitiwa sahihi hati za mradi wa maji wa miji 28, ambao Handeni na Korogwe zimo ndani yake. Baina ya miradi hiyo miwili wamo watoto waliozaliwa, wakakua, wakaoa na kuolewa, huku ndoo ikiwa kichwani.

Kwa hiyo bwana yule asemapo kwamba maji ni yake kwa kuwa ameyanunua, hatuwezi kumkubalia upesi. Mto si wake, wala bomba si lake. Tena mwenye fedha anunuapo madumu ishirini siku ambayo mkokoteni una madumu thelathini, bei ya yale kumi yaliyobaki haiwezi kukaa ilivyokuwa, na atakayeilipa ni jirani. Hakumwibia mtu, amelipa kila senti. Lakini ameigusa sufuria ya mwenziwe bila kuiona, na mtu akiisha kuonyeshwa jambo hilo hana udhuru wa kusema hakujua.

Je, tuseme basi kwamba majirani wameshinda? Hatusemi hivyo. Palipo na upungufu wa maji ya kunywa, ua lingoje. Hilo halihitaji hoja. Lakini siku nyingi za mwaka hazina kiu ya namna hiyo. Ni siku ambazo maji yatosha kupika na kufua na kidogo chabaki, na swali ni nini kifanywe na hicho kidogo. Wale wasemao kwamba maskini hana haki ya kukitia katika asumini mpaka umaskini uishe wamemhukumu asione uzuri maisha yake yote, maana umaskini wenyewe huenda usiishe upesi hivyo.

Sasa twaja kwenye lile swali. Ukoka wa bwana yule ulimwagiliwa na nani? Si na yeye. Ulimwagiliwa na msichana aliyetoka kijijini kuja kulea mtoto, naye huamka kabla ya alfajiri, akayachota maji katika pipa lililo nyuma ya nyumba, akayapeleka mbele kwa ndoo, safari kumi na zaidi. Alipoajiriwa aliambiwa habari za mtoto. Habari za ukoka ziliongezwa baadaye, kama ziongezwavyo kazi nyingi katika nyumba zetu, bila neno na bila senti. Na jioni, bwana na wageni wake wakiketi pale nje kupunga upepo, msichana yule hupita na sinia, kisha hurudi jikoni. Hajapata kukaa juu ya majani yale.

Jambo hilo si geni katika nchi hii, na yafaa tulikumbuke kwa ukubwa wake. Mwaka 1893 Richard Hindorf, mtaalamu wa kilimo wa Kijerumani, aliagiza miche ya mkonge kutoka Florida, na twasimuliwa kwamba ni 62 tu iliyofika huku ikiwa hai. Mwaka ule ule wa 1893 mtaalamu wa mimea Hermann Wendland, kule Hannover, alilipa jina la Saintpaulia ua dogo la rangi ya zambarau, ambalo Walter von Saint Paul-Illaire, ofisa wa Kijerumani aliyekaa Tanga, alikuwa amelipeleka kwao kutoka huku. Leo ua hilo hukaa katika vyungu vidogo madirishani kote Ulaya na Marekani, na Wajerumani huliita Usambaraveilchen, yaani urujuani wa Usambara. Hapa Korogwe, ambapo milima ya Usambara yaonekana kwa macho, sisi hatujaliona katika nyumba hata moja. Ua lilikwenda, mkonge ukaja.

Pamoja na mkonge ilikuja reli, iliyofika Korogwe mwaka 1902, na baadaye wakaja manamba kutoka pande zote kuukata. Katika mashamba hayo nyumba ya meneja ilikuwa na bustani, na bustani ilikuwa na mtu wa kuitunza, ambaye aliitwa shamba-boi hata akiwa na mvi na wajukuu. Yeye ndiye aliyejua ni waridi lipi lataka kivuli na lipi lataka jua. Jioni alirudi kambini kwenye safu ya vyumba ambako hapakuwa na nafasi ya kupanda hata mrehani. Wala watu wa Kanisa wasijitoe katika habari hii. Mapadre wa Roho Mtakatifu waliofika Bagamoyo mwaka 1868 walifanya bustani na mashamba yaliyosifiwa na kila msafiri aliyepita, na mikono iliyoyalima ilikuwa pamoja na ile ya watoto waliokombolewa utumwani. Wasafiri waliisifu miti.

Atatokea mtu mwenye busara atakayetujibu hivi: mwashi hujenga nyumba asiyokaa, na fundi cherehani hushona kanzu asiyoivaa, na hakuna aonaye dhuluma. Kwa nini basi mwagiliaji wa maua awe tofauti? Jibu hilo ni zito, nasi hatuwezi kulipuuza. Mwashi hupatana bei kabla ya kulishika jiwe la kwanza, na kazi yake ina mwisho. Msichana yule hakupatana, na kiu ya ukoka haina mwisho. Mke naye, ambaye katika nyumba nyingi ndiye abebaye ndoo, hapati hata ule ujira mdogo. Lakini tukisema kwamba ujira wa haki ungemaliza neno, tutakuwa tumesema pungufu. Shamba-boi aliyelipwa vizuri naye angetaka saa moja ya kuketi chini ya mti alioukuza. Kwa nini angetaka, na kama ana haki ya kudai, hapo hatuna jibu lililokamilika. Twajua tu kwamba sisi tungetaka.

Yuko bibi kizee Korogwe, mjane wa mtu aliyefanya kazi ya mkonge, ambaye nyumba yake ya vyumba viwili ina asumini mlangoni, mrehani dirishani, na mlangilangi uliokwisha kuipita paa. Majirani humcheka. Yeye huosha vyombo katika beseni, akaosha mboga katika beseni la pili, na maji ya mboga huyapeleka kwenye asumini kwa kopo, akiinama taratibu kwa sababu ya kiuno. Tulipomwuliza faida yake nini, hakuanza na uzuri. Alisema kwamba katika kutwa nzima kila ainamapo ni kwa ajili ya kula au ya usafi au ya mtu mwingine, ila pale tu. Kisha akatuchumia mrehani, tukaurudisha nyumbani ndani ya daftari la kazi, na kurasa zile zanukia hata sasa.

Hatutaki wasomaji wetu wang'oe maua yao. Bwana wa Handeni angeweza kuuacha ukoka, ambao ni mmea wa kiu, akafagia uwanja kama walivyofagia wazee wake, akapanda kando yake mimea ivumiliayo jua. Angeweza kuchimba mfereji mdogo kutoka bafuni mpaka kwenye miche, ndoo zikapungua kwa nusu. Jaruba la kuzuia maji ya mvua kuzunguka mchungwa hugharimu jembe na asubuhi moja. Nayo kazi inayobaki aifanye mwenyewe siku mbili katika juma. Atajua mara moja ni maua mangapi ayataka kweli.

Maneno hayo twayaandika kwa uso wa haya. Katika ua wa nyumba tufanyiayo kazi mna bustani nzuri, na kwa miaka mingi tumewaonyesha wageni. Tulipoanza kuandika habari hii tuligundua kwamba hatujui mzee aimwagiliaye huteka maji wapi bomba likatikapo. Tulimwuliza. Huyaleta kwa baiskeli kutoka kwake.

Juma lililopita tulipita tena Handeni, tukamkuta msichana yule nyuma ya nyumba. Tulimwuliza, kama angepewa ruhusa ya kuuacha mmea mmoja tu katika bustani ile, angeuacha upi. Hakuelekea mbele. Alitupeleka nyuma ya jiko, akasogeza gunia la mkaa, akatuonyesha dumu bovu lililokatwa shingo na kutobolewa chini, na ndani yake mpilipili wenye maua meupe matano. Aliupanda mwezi wa nne. Bwana hajauona.