Berbera: Bandari moja, mabwana wawili

KILA yanapotajwa masaibu ya Somalia, Waislamu wengi tuna jibu moja la haraka: Marekani. Jibu hilo lina ukweli, lakini ni nusu ya habari. Nusu iliyobaki ndiyo inayotuhusu zaidi sisi.

Tuitazame bandari ya Berbera. Ipo katika Ghuba ya Aden, si mbali na mlango wa Babul-Mandab wanakopita wenye meli za mafuta kuelekea Mfereji wa Suez. Kwa sababu hiyo, na wala si kwa kuwapenda Wasomali, Urusi ya Kisovieti ilijenga hapo kituo cha kijeshi baada ya Siad Barre kutwaa madaraka Oktoba 1969. Mwaka 1974 wakatia saini mkataba wa urafiki. Marekani nayo ilikuwa upande wa pili, kwa Mfalme Haile Selassie wa Ethiopia, ikiwa na kituo chake cha mawasiliano mjini Asmara.

Januari 1975 Barre aliwapiga risasi masheikh kumi kwa kosa la kuipinga sheria yake ya familia, ambayo waliona inakwenda kinyume na Qur'an katika mirathi. Urafiki wa Moscow haukutikisika.

Kisha mambo yakageuka. Haile Selassie alikuwa ameshapinduliwa 1974, na Mengistu akaifuata njia ya Kikomunisti. Julai 1977 Barre akaingiza jeshi Ogaden. Wasovieti wakapima, wakaona Ethiopia ina uzito zaidi, wakahamia huko na silaha zao pamoja na maelfu ya askari wa Cuba. Novemba Barre akawafukuza. Machi 1978 jeshi lake likarudi limeshindwa, na Agosti 1980 Marekani ikakubaliwa kuitumia Berbera. Gati ni lile lile, uwanja wa ndege ni ule ule, aliyebadilika ni bwana tu. Na damu ya masheikh kumi? Haikuizuia Moscow, haikuizuia Washington. Mwaka 1988 ndege za Barre ziliushambulia mji wa Hargeisa, mji wa raia wake mwenyewe.

Ndugu msomaji, haya si mapya. Kabla ya Uislamu dunia ilikuwa na madola mawili, Rum na Fursi. Bani Ghassan walikuwa chini ya Rum huko Sham, Manadhira wa Hira wakiwa chini ya Fursi. Waarabu walichinjana wao kwa wao, faida ikienda kwa wafalme wa mbali. Mwanzo wa Suratur-Rum unagusa ushindani huo, na Waislamu wa Makka walitamani Rum washinde kwa kuwa walikuwa watu wa Kitabu. Kwa hiyo upande walikuwa nao. Lakini hatusikii katika sira kwamba waliomba jeshi la Rum liwapige Maquraishi. Walipozidiwa walikwenda Habasha kwa Najashi, nako waliomba hifadhi.

Mfano ninaoupenda zaidi ni wa Ka'b bin Malik (r.a.). Alibaki nyuma katika safari ya Tabuk, mwaka wa 9 Hijria, na Mtume (s.a.w.) akaamuru watu wasizungumze naye. Siku zikapita, hata salamu hajibiwi. Katikati ya dhiki hiyo ikamfikia barua ya mfalme wa Ghassan: amesikia kwamba ametendewa ukali, basi aende kwake atamtuliza. Tazama jinsi kibaraka wa Rum alivyopata habari upesi za ugomvi wa ndani ya Madina! Ka'b aliuona huo kuwa mtihani mwingine, akaitia barua ile ndani ya tanuri.

Viongozi wetu barua kama hizo huzijibu. Barre alizijibu mbili. Baada ya kuanguka kwake Januari 1991 kila mbabe wa vita akawa na mfadhili wake. Mahakama za Kiislamu zilipotuliza Mogadishu katikati ya 2006, haukuisha mwaka kabla ya jeshi la Ethiopia kuingia kwa kuungwa mkono na Marekani, nalo liliingia likiwa na mwaliko wa serikali ya Wasomali wenyewe. Januari 2024 Somaliland ikaahidi kuipa Ethiopia ufuo, na Agosti mwaka huo Misri ikapeleka silaha Mogadishu. Uturuki ndiyo iliyowakutanisha Ethiopia na Somalia Desemba 2024, nayo ina kambi yake ya kijeshi Mogadishu tangu 2017. Sisemi nia yake ni mbaya. Nasema ina kambi.

Katika Suratul Hujurat, aya ya 9, Mwenyezi Mungu anatuamuru tuyapatanishe makundi mawili ya waumini yanapopigana. Wanaoambiwa hapo ni waumini. Na sisi wa Nairobi, Mombasa na Dar es Salaam tunaswali safu moja na Wasomali wa koo mbalimbali kila Ijumaa. Maimamu wetu wanaweza kuanzia hapo hapo msikitini, kwa kuwakalisha wazee wa koo hizo pamoja baada ya swala.