Mwenzako Anapouliza kwa Mara ya Kumi



Leo tuingie katika nyumba moja ya mfano. Tuseme iko Mayungu, kusini kidogo mwa Malindi. Ni saa nne za usiku, watoto wamelala. Mke ameinuka kitandani kwa mara ya sita kwenda kutazama mtungi wa gesi. Anarudi, anajilaza, kisha anauliza: "Baba watoto, una hakika nimeufunga?" Mume anajibu kwa upole, "Umeufunga, mama, nimekuona." Dakika kumi hazijapita, swali ni lile lile. Mwezi huu anajibu kwa upole. Mwezi ujao atajibu kwa ukali. Mwaka ujao huenda asijibu kabisa, ahamie kulala sebuleni, na majirani waanze kusema yao.

Wengine taabu yao si gesi. Yuko baba anayeosha mikono mpaka ngozi inachubuka, akimaliza maji yaliyonunuliwa kwa mkokoteni, na watoto wakaenda shule bila kuoga. Yuko mama anayenyonyesha, ambaye ghafla anajiona akilini akimchoma mtoto wake kwa kisu. Anampenda mtoto huyo kuliko roho yake mwenyewe, basi anaficha visu vyote na hathubutu kumwambia mtu. Na yuko Mkristo anayetoka katika kiti cha maungamo Jumamosi jioni, na kabla hajafika barabarani anarudi kwa padre, kwa kuwa anaona hakuitaja dhambi yake sawasawa.

Ndugu zangu, huu ni ugonjwa. Si kisirani, si majini, si adhabu ya Mungu. Wazo lisilotakiwa linaingia akilini na kung'ang'ania, hofu inapanda, na mgonjwa anajikuta amelazimika kutenda jambo fulani ili hofu ishuke. Inashuka kweli, kwa muda mfupi. Kisha inarudi na kudai tena. Madaktari hukadiria kwamba katika kila watu 100, kati ya 1 na 3 hupatwa na hali hii wakati fulani wa maisha yao. Hesabu basi waamini walioketi katika Misa moja ya Jumapili.

Lugha yetu ililijua jambo hili kabla ya madaktari. Neno wasiwasi limetoka katika Kiarabu, na maana yake ya asili ni mnong'ono. Jirani zetu Waislamu wanamfahamu vizuri mtu wa wasiwasi: anatia udhu, anatilia shaka udhu wake, anarudia, anarudia tena, mpaka sala inampita. Kanisa nalo lina watu wake wa namna hiyo, tena wengine wako juu ya altare. Mtakatifu Teresia wa Mtoto Yesu aliteswa na dhamiri ya wasiwasi alipokuwa msichana. Mtakatifu Alfonsi wa Liguori, msimamizi wa waungamishaji, alipambana nayo pia.

Lakini wa kutazamwa hasa ni Mtakatifu Inyasi wa Loyola. Mwaka 1522 alikuwa amefanya maungamo ya maisha yake yote huko Montserrat, kwa maandishi, kwa muda wa siku tatu. Alipofika Manresa, shaka ikamwingia: je, hakuacha kitu? Akaungama tena, na tena. Muungamishaji wake alimwamuru asirudie mambo ya zamani ila yale yaliyo wazi kabisa. Shauri jema, ila kwa mgonjwa wa wasiwasi kila jambo huonekana wazi kabisa! Alisali saa saba kila siku, akafunga juma zima bila kula, na akajaribiwa kujitupa katika shimo lililokuwa chumbani mwake. Mwisho aliamua jambo moja: hataungama tena dhambi za zamani hata kidogo.  Baadaye alisimulia kwamba tangu siku ile aliwekwa huru. Miaka ishirini baadaye, mwaka 1542, rafiki yake Fransisko Ksaveri alishuka hapa Malindi akielekea India. Tunapopita karibu na kikanisa kile cha Wareno, tukumbuke kwamba shirika lililomtuma lilianzishwa na mtu ambaye karibu auawe na wasiwasi.

Je, kumbukumbu ya mgonjwa imeharibika, ndiyo maana hakumbuki kama amefunga gesi? Kwa kawaida, sivyo. Mwaka 2003 wataalamu wawili wa Uholanzi, van den Hout na Kindt, walitoa matokeo ya jaribio walilofanya na watu wasio wagonjwa. Waliwapa jiko la gesi la kuchezea kwenye kompyuta, wakawafanya walikague mara nyingi. Watu hao waliendelea kukumbuka kwa usahihi, ila imani yao katika kumbukumbu hiyo ilipungua. Kumbe kukagua hakuleti uhakika! Kadiri unavyokagua, picha moja inafunika nyingine, mpaka hujui kama unakumbuka usiku huu au jana.

Na hapa ndipo ninapomgeukia yule mume wa Mayungu, kwa kuwa yeye ndiye aliyenifanya niandike. Jibu lake la upole, "Umeufunga, mama," linafanya kazi ile ile ya kukagua. Linashusha hofu kwa dakika kumi na kuilisha kwa siku kumi. Vivyo hivyo mke anayemchotea mumewe maji ya kuosha mikono mara ya nane, au anayefua upya nguo safi ili kuwe na amani nyumbani. Wote wawili wanatenda kwa upendo, lakini ugonjwa unanenepa kwa upendo huo.

Je, sasa wanyamaze tu? La hasha! Kunyamaza ghafla ni ukatili, na kukemea ni kubaya zaidi. Zungumzeni mchana, wakati hofu imelala, mkubaliane pamoja. Mgonjwa mwenyewe aseme: "Nikikuuliza tena usiku, usinijibu." Kisha usiku mume aseme, "Mama watoto, huo ni wasiwasi unaouliza. Sitaujibu, lakini niko hapa." Amshike mkono. Hofu itapanda, na mara nyingi itashuka bila mtu kuinuka kitandani. Wakishindwa usiku mmoja, wajaribu wa pili bila kulaumiana.

Njia hii ina mizizi katika hospitali. Mwaka 1966 Victor Meyer wa London alieleza jinsi wagonjwa wawili walivyopata nafuu baada ya kukutanishwa na kile wanachokiogopa na kuzuiwa wasitende tendo lao la kujituliza. Leo hatua hupangwa na mtaalamu, kutoka hofu ndogo hadi kubwa. Zipo pia dawa kama klomipramini na fluoksetini. Huchukua majuma kadhaa, pengine miezi mitatu, kabla ya kuonyesha nguvu zake zote, na zisiachwe ghafla kwa sababu "nimepona". Anzeni katika hospitali ya Kilifi au ya Malindi, muulizie kliniki ya afya ya akili. Mombasa iko Port Reitz.

Najua wengi mtapitia kwa mganga kwanza. Pwani yetu ndivyo ilivyo. Watafiti wa KEMRI walioko Kilifi waliligundua hilo zamani katika habari za kifafa. Baadaye, katika kampeni ya afya ya akili iliyoitwa Difu Simo, waliamua kuzungumza na waganga na viongozi wa dini badala ya kuwatukana. Mimi nasema hivi: kuku na mbuzi waliokwisha kwenda wamekwenda, msigombane juu yao. Nauli ya hospitali isiende.

Kwa anayeteswa na dhamiri: chagua muungamishaji mmoja, mweleze ugonjwa wako, umtii akisema "usirudie." Wazo la kukufuru lililoingia bila kukaribishwa si dhambi, wala kisu kile cha akilini si nia. Katekisimu, namba 1735, yasema kwamba hofu na mambo mengine ya nafsi yaweza kupunguza hata kuondoa lawama ya mtu.

Na mwenzako akianza kusema kwamba amechoka kuishi, usingoje siku ya kliniki. Mpeleke hospitali siku hiyo hiyo, hata kama ni kwa bodaboda usiku, wala usimwache peke yake mpaka ameonwa.