Majina Katika Kitabu



Katika Nehemia sura ya 7 ipo orodha ndefu ya majina, na wengi wetu huiruka. Lakini kuanzia mstari wa 61 twaona jambo la kuhuzunisha. Watu 642 walirudi kutoka uhamishoni wasiweze kuonyesha nyumba za baba zao. Makuhani wengine nao walijitafuta katika kitabu cha nasaba, wasijione, wakaondolewa katika ukuhani.

Tuliikumbuka sura hiyo tulipotafakari habari za Wapalestina. Mwaka 1948 zaidi ya watu 700,000 walikimbia au kufukuzwa makwao, na vijiji zaidi ya 400 vikabaki bila wenyewe. Wengi walidhani ni kwa siku chache tu. Wakafunga milango, wakachukua funguo. Wako wajukuu wanaozitunza hata leo, huko Lebanon na Yordani, ingawa mlango wenyewe haupo tena. Mtoto wa kambini akiulizwa kwao, hutaja kijiji cha babu yake, ambacho hajapata kukiona.

Kasisi Naim Ateek, Mwanglikana mwenzetu, alizaliwa Beisan mwaka 1937. Alipokuwa na miaka 11 jamaa yake iliondolewa, wakaenda Nazareti. Mwaka 1958 baba yake aliwapeleka watoto wauone mji wao. Kanisa letu la Kianglikana wakalikuta limefanywa ghala. Na katika nyumba aliyoijenga baba huyo, aliyekaa ndani akamkatalia kuingia.

Wengine walitoka mapema zaidi. Wakristo wa Bethlehemu na Beit Jala walihamia Chile tangu enzi za Waturuki. Na kwa sababu ya pasi zao wakaitwa Waturuki, wao waliokuwa wakiukimbia utawala huo! Jiries akawa Jorge. Leo mjukuu akitaka kujua alikotoka, hurudi kwenye vitabu vya ubatizo vya Bethlehemu, ambamo padre fulani, asiyekumbukwa na mtu, aliandika jina la mtoto, la baba na la mama.

Hapo tuliona haya. Kitabu chetu cha ubatizo kimeliwa na mchwa pembeni, na mara nyingi nafasi ya jina la mama tumeiacha tupu kwa haraka ya ibada. Basi wazazi watakaoleta watoto mwezi ujao, tafadhali njoni na majina ya babu na bibi wa pande zote mbili, pamoja na kijiji walikozaliwa. Tutakaa mezani mpaka yote yaandikwe.