Ujira Unaongoja Rufaa

Kusimamisha utekelezaji ni kuzuia hukumu isifanye kazi mpaka rufaa iamuliwe. Katika mashauri ya SMIG, yaani mshahara wa chini kabisa uliowekwa na serikali ya Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo, kizuizi hicho huzaa swali la maadili: wakati haki ingali inatafutwa, nani abebe mzigo wa kungoja?

Mjini Kisangani, mfanyakazi anayedai kupunjwa hupitia kwanza upatanisho mbele ya inspekta wa kazi, kama inavyotaka Sheria ya Kazi ya tarehe 16 Oktoba 2002. Upatanisho ukishindikana, shauri huenda mahakamani, na asiyeridhika na hukumu hukata rufaa. Kwa kanuni za mashauri ya madai za mwaka 1960, rufaa yenyewe husimamisha hukumu, isipokuwa jaji ameamuru itekelezwe papo hapo. Mwajiri anayeona amri hiyo imevuka mipaka ya sheria aweza kuiomba Mahakama ya Rufaa iizuie.

Pande zote mbili zina hoja katika Katiba ya 2006. Ibara ya 21 inamhakikishia kila mtu haki ya rufaa, kwa kuwa jaji naye hukosea. Ibara ya 36 inaitaja kazi kuwa haki na wajibu mtakatifu, na inataka malipo yamwezeshe mfanyakazi na jamaa yake kuishi kwa heshima.

Dini za Kisangani zinatilia mkazo wakati wa kulipa. Kumbukumbu la Torati linaagiza kibarua maskini alipwe siku ileile, na Waraka wa Yakobo unawaonya matajiri waliozuia ujira wa wavunaji. Waislamu, ambao jumuiya yao mjini inatoka enzi za Tippu Tip, mfanyabiashara wa Zanzibar wa karne ya 19, wana hadithi katika mkusanyo wa Ibn Majah inayohimiza kibarua alipwe bila kukawizwa. Kwa mafundisho haya, anayelipa kwa kuchelewa amekwisha kudhulumu, hata akilipa kiasi kamili.

Uchumi unaunga mkono hoja hiyo. Mwaka 2018 SMIG ya kibarua wa kawaida iliwekwa kuwa faranga 7,075 kwa siku, dola moja ikiwa karibu faranga 1,600. Kufikia 2024 dola ilikuwa imepita faranga 2,700. Deni la faranga lililokaa mahakamani miaka hiyo yote lilipungua thamani bila jaji yeyote kulipunguza.

Lipo pingamizi zito: mwajiri akishinda rufaa, fedha zilizokwisha kuliwa hazirudishiki. Ni kweli, lakini hasara hizo mbili hazilingani. Mwajiri hupoteza fedha. Mfanyakazi hupoteza chakula, karo na matibabu ya miezi ambayo malipo ya baadaye hayawezi kuifidia. Tena SMIG si bei ya mapatano, bali ni mpaka ambao hata mapatano hayaruhusiwi kushuka chini yake.

Kwa hiyo haki inadai madai yatenganishwe. Sehemu ya SMIG isiyobishaniwa, au iliyothibitishwa na hati za malipo, ilipwe mara moja. Fidia, marupurupu na hesabu zenye utata ziweze kungoja, mradi mwajiri aweke dhamana. Hivyo rufaa inabaki njia ya kusahihisha kosa la jaji, wala haigeuki mkopo usio na riba unaotolewa na mfanyakazi kwa mwajiri wake.